Viunzi vya Akilini: Jinsi Jambo Jipya Linavyoshika Juu ya Lile la Zamani

(Somo la redio kwa madarasa ya kisomo cha watu wazima. Viongozi wa vikundi wanaombwa wawe na ubao, chaki, kibuyu kikavu, kitambaa chembamba na maji.)

Sogeeni karibu na redio, na kila mwenye kijitabu akifungue mahali pa somo la leo, maana leo mtasoma ninyi kwanza, nami nitaeleza baadaye. Katika kila kikundi mtu mmoja asome maneno haya kwa sauti, polepole, na wengine wasikilize:

"Kazi hii si ngumu, lakini yataka mpango. Weka kwanza kile kinachohitaji muda, ukingoje mpaka kitoe dalili. Dalili ikionekana, tia kidogo tu cha kile cha pili, usitie chote. Ngoja tena. Kisha ongeza kilichobaki kidogo kidogo, maana mwenye pupa huharibu, na wageni wataona. Sasa nguvu za mkono zinatakiwa. Geuza na kukandamiza, mpaka kishikamane chenyewe na kuachana na kuta. Mwisho pindua."

Nyamazeni kidogo, mwulizane: ni kazi gani hiyo?

Najua wako waliokwisha kukisia, hasa akina mama, na wako waliobaki kutazamana tu. Lakini kila neno lililosomwa mnalijua. Kuweka mnakujua, kungoja mnakujua, kuta mnazijua. Hakuna neno gumu hata moja, na bado wengine hawakupata maana. Haya, nasema sasa: ni kusonga ugali. Someni tena. Kile kinachohitaji muda ni maji. Dalili ni kuchemka. Kile cha pili ni unga. Kuta ni kuta za sufuria. Maneno ni yale yale, lakini sasa yote yamekaa mahali pake.

Kimetokea nini? Maneno hayakubadilika. Kilichobadilika ni kwamba mmekwenda vichwani mwenu mkachukua kitu mlichokuwa nacho tangu utoto, yaani kujua jinsi ugali unavyopikwa, mkayapanga maneno juu yake.

Huko Marekani, wataalamu wawili, John Bransford na Marcia Johnson, walitoa mwaka 1972 habari za jaribio la namna hii. Wao walitumia maneno juu ya kufua nguo, yaliyoandikwa kwa mafumbo vivyo hivyo. Watu walioambiwa mapema kwamba habari ni ya kufua nguo waliweza kukumbuka mambo karibu mara mbili kuliko wale wasioambiwa. Na hapa pana jambo la kushangaza: wale walioambiwa baada ya kusikiliza hawakupata faida yo yote. Walikuwa sawa na wale wasioambiwa kabisa. Maneno yalikuwa yamekwisha kupita, hayakupata pa kushika.

Basi sasa tutafute mfano wa kitu hicho kilicho vichwani mwetu. Mjengaji wa nyumba ya udongo hasimamishi udongo peke yake. Kwanza huchimbia nguzo, kisha hufunga fito kwa kamba, na baada ya hapo ndipo anapokandika. Udongo unashika kwa sababu ya fito. Utupe mahali pasipo na fito, utaanguka chini, hata uwe udongo mzuri namna gani. Zile nguzo na fito ndizo kiunzi cha nyumba. Nasi tutasema kwamba akili nayo ina viunzi vyake. Wataalamu wa saikolojia, yaani elimu ya akili na mwenendo wa mtu, huviita skima, neno la Kiyunani lenye maana ya umbo. Sisi tutasema viunzi.

Una kiunzi cha sokoni: wajua kwamba kuna muuzaji, kuna bei, kuna kupatana, kuna chenji. Ukifika soko la mji usioujua, hupotei. Una kiunzi cha msiba, una kiunzi cha harusi, una kiunzi cha safari ya basi. Mtu akikuambia, "Jana tulikwenda harusini, tukala tukashiba," hukuuliza kama palikuwa na bibi harusi. Hakutaja, lakini wewe umekwisha kumweka mahali pake.

Hata katika kusoma viunzi vinafanya kazi. Tazameni mstari huu kijitabuni: "Mama amekwenda kis_mani kuchota ma_i." Herufi mbili hazimo, nanyi mmesoma bila taabu. Msomaji hodari hasomi kila herufi kama mtu anayehesabu punje za mahindi. Anajua habari inakwenda wapi, na jicho lake linahakikisha tu. Kwa hiyo, mnapofungua habari mpya, someni kwanza kichwa cha habari, kisha mwulizane: sisi twajua nini juu ya jambo hili? Msione kuwa huko ni kupoteza wakati. Ndiko kufunga fito.

Sasa nitawaeleza juu ya mtu aliyeleta neno hili, skima, katika habari za kukumbuka. Aliitwa Frederic Bartlett, mwalimu wa Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, na kitabu chake kilitolewa mwaka 1932. Bartlett aliwapa Waingereza wasomi hadithi ya Wahindi Wekundu wa pwani ya magharibi ya Amerika ya Kaskazini. Katika hadithi hiyo vijana wawili wanakwenda mtoni kuwinda sili, yaani wanyama wa baharini. Wanakuja watu kwa mitumbwi, kijana mmoja anachukuliwa vitani, na baadaye anafahamu kwamba wale aliokwenda nao walikuwa mizimu. Anarudi nyumbani, na jua linapochomoza kitu cheusi kinamtoka kinywani, naye anakufa.

Bartlett aliwataka wasomaji wake waisimulie hadithi hiyo baada ya muda mfupi, na tena baada ya siku nyingi. Wakaigeuza. Mtumbwi ukawa mashua ya kawaida. Kuwinda sili kukawa kuvua samaki. Mizimu, ambayo ndiyo roho ya hadithi yenyewe, wengine waliiacha kabisa, kwa kuwa haikuwa na mahali katika viunzi vyao. Wala hawakuwa wakisema uongo. Kila mmoja aliamini kwamba anasimulia alichokisoma. Hao, kumbukeni, ni watu wa chuo kikuu. Kusoma sana hakumwondolei mtu viunzi.

Bartlett alifika pia Afrika ya Kusini, katika nchi iliyoitwa wakati ule Swaziland, ambayo tangu mwaka 2018 yaitwa Eswatini. Wazungu wa huko walimwambia kwamba Waswazi wana kumbukumbu ya ajabu. Akataka kuhakikisha. Akakutana na mchungaji mmoja wa ng'ombe, aliyekuwa akifanya kazi kwa mlowezi. Mlowezi huyo alikuwa amenunua ng'ombe kwa watu mbalimbali mwaka mmoja uliopita, na habari zote alikuwa ameziandika katika daftari. Mchungaji hakuwa na daftari. Alipoulizwa, aliwataja ng'ombe mmoja mmoja: huyu alitoka kwa fulani, rangi yake hivi, umri wake hivi, bei yake hivi. Walipolinganisha na daftari, alikuwa amekosea mambo mawili madogo tu.

Je, ni ajabu? Bartlett hakuridhika na neno hilo "ajabu," na mimi namsifu kwa hilo. Akamchukua mtoto wa Kiswazi wa miaka kumi na mmoja au kumi na miwili, akampa ujumbe wa maneno kama 25 aupeleke upande wa pili wa kijiji. Mtoto alielezwa ujumbe ule mara mbili. Alipofika, alikuwa ameacha mambo matatu muhimu, kama mtoto ye yote wa Kiingereza ambavyo angeweza kuacha. Kwa hiyo siri haikuwa katika damu ya Waswazi. Siri ilikuwa katika ng'ombe. Kwa mchungaji yule ng'ombe ndiyo mali, ndiyo mahari, ndiyo heshima ya ukoo. Kichwa chake kilikuwa na fito nyingi za habari za ng'ombe, na kila rangi na kila bei ilipata pa kushika. Ujumbe wa mtoto ulikuwa udongo uliotupwa mahali patupu.

Iko habari nyingine ndogo, nami siwezi kuiacha. Mtawala mkuu wa Waswazi na wazee wake waliwahi kusafiri mpaka Uingereza kwa ajili ya shauri la ardhi yao. Waliporudi, watu waliwauliza wamekumbuka nini zaidi katika nchi ile. Jambo lililowakaa sana lilikuwa askari wa barabarani, anayeinua mkono kuyasimamisha magari. Kwa nini yeye? Kwa sababu Mswazi humwamkia mwenzake kwa kuinua mkono. Katika nchi ngeni, isiyo na kitu wanachokijua, waliona ishara ya nyumbani. Kiunzi kikaidaka.

Ndugu zangu, nawaeleza haya kwa sababu wako watu wasemao kwamba mtu mzima hafundishiki, eti kichwa chake kimekwisha kukauka. Maneno hayo hayana msingi. Mtoto wa darasa la kwanza ana jicho jepesi, lakini ninyi mna viunzi vya kilimo, vya uvuvi, vya biashara, vya kulea watoto, ambavyo yeye hana. Mkulima anayejifunza kuandika "mbolea" hana haja ya kufundishwa mbolea ni nini. Amebakiza herufi sita tu.

Lakini viunzi havikai vile vile daima. Mtu aliyeeleza jinsi vinavyokua alikuwa Jean Piaget wa Uswisi, aliyezaliwa mwaka 1896 akafa mwaka 1980. Alikaa akiwatazama watoto, wakiwamo watoto wake watatu, kwa uvumilivu kama wa mtu anayetazama ndege. Akaona kwamba akili ina kazi mbili. Kazi ya kwanza ni kukiingiza kitu kipya katika kiunzi kilichopo. Tuseme mtoto anajua mbuzi. Akimwona punda atapiga kelele: "Mbuzi!" Ana miguu minne, ana masikio, ni mbuzi. Kazi ya pili ni kukirekebisha kiunzi chenyewe. Mama amwambia, "Huyo si mbuzi, huyo ni punda," naye mtoto anatazama tena, anaona ukubwa, anasikia sauti, na kiunzi kimoja kinakuwa viwili.

Piaget aliwaonyesha watoto vikombe viwili vilivyo sawa, vyenye maji sawa. Kisha akayamimina maji ya kikombe kimoja katika chombo kirefu na chembamba, akauliza: wapi pana maji mengi? Watoto wa miaka minne au mitano hujibu kwamba mengi yako katika kile kirefu, ingawa wameyaona yakimiminwa mbele ya macho yao. Wakifika umri wa miaka saba hivi, wengi hucheka swali lenyewe. Mjaribu nyumbani, msiwacheke watoto.

Kuingiza ni rahisi. Kurekebisha ni kugumu, na kwa mtu mzima kugumu zaidi, kwa sababu kiunzi chake kimemsaidia miaka mingi. Hapo ndipo penye hatari, nami nataka tukae hapo kidogo.

Mtoto mchanga anaharisha. Kila anachokunywa kinatoka. Mama anafikiri nini? Wengi, katika nchi nyingi, wamefikiri hivi: tumbo hili ni kama ndoo inayovuja, nikitia maji yatazidi kutoka, basi nisitie, tumbo lipate kukauka. Huko India wanawake walipoulizwa mtoto anayeharisha aongezwe maji au apunguziwe, wengi walijibu apunguziwe. Hawakujibu hivyo kwa kukosa akili. Hiyo ndiyo akili, inayofanya kazi kwa kiunzi cha ndoo. Ndoo ya nyumbani ikivuja, ni nani atakayeendelea kuijaza?

Lakini kiunzi hicho kimewaua watoto wengi sana. Mtoto anayeharisha hauawi na uchafu unaotoka, anauawa na maji na chumvi zinazoondoka mwilini. Damu inakosa maji, moyo unashindwa. Na tumbo si ndoo. Ukuta wa utumbo una njia ambayo sukari na chumvi hupita pamoja kuingia mwilini, na maji huvifuata. Mara nyingi njia hiyo huendelea kufanya kazi hata mtoto anapoharisha vibaya. Maji matupu hayatoshi, chumvi peke yake haipiti vizuri, lakini vitatu vikiwa pamoja hupita.

Jambo hili lilionekana wazi mwaka 1971, wakati wa vita vilivyozaa nchi ya Bangladesh. Wakimbizi walijaa katika kambi ya Bongaon, India, na kipindupindu kikaingia. Maji ya dawa ya kutia katika mishipa yakawa hayatoshi. Daktari Dilip Mahalanabis akaamuru watu wanyweshwe maji yaliyochanganywa na sukari ya glukosi na chumvi, wapewe na ndugu zao wenyewe. Kabla ya hapo walikuwa wakifa kama watu 30 katika kila wagonjwa 100. Baadaye walikufa pungufu ya 4.

Sasa swali la mwalimu: utamfundishaje mama mwenye kiunzi cha ndoo? Ukimwambia, "Usifikiri hivyo," ataitika "Ndiyo, bwana mganga," kisha atakwenda nyumbani kufanya kama mama yake alivyofanya. Huwezi kung'oa nguzo za nyumba ya mtu kwa maneno.

Katika kijiji cha Ajoya, milimani Mexico, wafanya kazi wa afya walipata njia nzuri, na David Werner na Bill Bower waliieleza katika kitabu kilichotolewa mwaka 1982. Walichukua kibuyu. Walikichora uso wa mtoto. Juu walikata tundu, wakalifunika kwa kitambaa chembamba kilicholowa, ndio utosi. Chini walitoboa tundu jingine, wakalitia kizibo. Kibuyu kikijazwa maji, kitambaa kinakaa juu. Ondoa kizibo, maji yanatoka, na kitambaa kinaanza kubonyea, kama utosi wa mtoto mgonjwa unavyobonyea. Kila mama ameuona utosi uliobonyea. Wengine hudhani ndio ugonjwa wenyewe uliosababisha kuharisha. Kibuyu kinaonyesha kinyume chake: maji yametoka, ndiyo sababu utosi umebonyea. Na ukitia maji upesi kuliko yanavyotoka, utosi unainuka.

Angalieni ufundi wa walimu wale. Hawakumnyang'anya mama kiunzi chake. Chombo kinachovuja kilibaki kuwa chombo kinachovuja. Walikigeuza tu upande wa pili, mama aone mwenyewe kwamba chombo kisichoongezwa maji hukauka, na mtoto aliyekauka hufa. Katika majaribio yote niliyoyataja leo, mimi naona hili la kibuyu ndilo kubwa, ingawa halikufanywa katika chuo kikuu.

Sasa viongozi, leteni vibuyu vyenu. Toboeni, funikeni, jazeni, ondoeni kizibo, na kila mtu atie kidole juu ya kitambaa. Kisha andikeni ubaoni maneno haya, na kila mwanafunzi ayanakili:

Maji safi, lita moja. Sukari, vijiko vya chai sita, vilivyosawazishwa. Chumvi, nusu ya kijiko cha chai, kilichosawazishwa.

Kipimo cha chumvi msikizidishe, kwani chumvi nyingi hudhuru; yaonjeni, yasiwe na chumvi kupita machozi. Pakiti za dawa zinazotolewa zahanati ni bora zaidi, mkizipata. Mtoto mwenye umri usiozidi miaka miwili apewe robo mpaka nusu ya kikombe kikubwa kila baada ya kuharisha, kidogo kidogo, naye aendelee kunyonya. Akitapika, ngojeni dakika kumi, mwanze tena polepole zaidi. Akitoa damu, au akilegea, au akishindwa kunywa, pelekeni hospitali mara moja, mkimnywesha njiani kama aweza kunywa. Zahanati pia watampa vidonge vya zinki.

Mwisho, kazi ya nyumbani. Kila mmoja amwulize mzee mmoja na mama kijana mmoja: mtoto akiharisha, umpe maji au umnyime, na kwa nini? Msibishane nao. Andikeni tu sababu wanayoitoa, kwa maneno yao wenyewe, mlete darasani. Wiki ijayo tutazisoma sababu hizo, tuone kila moja imesimama juu ya kiunzi gani. Kwaherini.